Ijumaa Tarehe Moja Haipo

Katika nchi ya mahobiti, ile Shire ya J. R. R. Tolkien, hakuna mwezi unaoanza siku ya Ijumaa. Haitokei kabisa. Kalenda yao imepangwa hivi: miezi 12, kila mmoja una siku 30 kamili, na siku tano zinazobaki haziingii kwenye mwezi wowote. Mbili zinaitwa Yule. Ya kwanza inafunga mwaka na ya pili inafungua mwingine. Tatu ziko katikati ya mwaka, wakati mchana ni mrefu kuliko wakati wote, nazo zinaitwa Lithe. Ile ya katikati katika hizo tatu haina hata jina la juma. Si Jumatatu, si Jumanne, si chochote. Inapita tu. Na mwaka mrefu ukifika, siku ya ziada inabandikwa hapohapo, nayo pia haina juma.

Hila ni hiyo tu. Ukiondoa siku zisizo na juma unabaki na siku 364, yaani wiki 52 bila chenji, kwa hivyo kila tarehe inakaa na siku yake milele. Ukizaliwa Jumanne, utakata keki Jumanne hadi uzikwe. Mahobiti walizoea mpaka wakaacha kuandika siku ya juma kwenye barua zao. Ya nini, na kila mtu anajua? Shida ilianza tu ukisafiri kupita Bree, ambako hakuna anayejua.

Sasa chukua kalamu uhesabu. Miezi inaanza Jumapili, Jumanne, Alhamisi, Jumamosi, Jumatatu, Jumatano, halafu baada ya Lithe mzunguko unaanza upya. Ijumaa imerukwa. Na mahobiti, watu wa kula mara sita kwa siku wakipata, hawakuliacha hilo lipite bure. Wakaligeuza msemo: jambo lisilowezekana litatokea Ijumaa tarehe moja. Siku nguruwe watakaporuka. Siku miti itakapotembea. (Na kwenye kitabu hichohicho kuna miti inayotembea mpaka vitani. Mzee alikuwa anatucheka.)

Mashabiki wa Tolkien huisifu kalenda hii kwa hesabu zake. Kweli, zinaingiana. Lakini hesabu mtu yeyote mwenye simu anaweza kuzifanya. Kinachonishika mimi ni ule utani, kwa sababu utani ndio ushahidi kwamba kuna watu wameishi ndani ya hiyo kalenda, wakaizoea, wakaanza kuichezea. Mwandishi anaweza kubuni majina 12 ya miezi kabla chai haijapoa. Kubuni kitu ambacho mzee wa kijiji angekirusha kwenye baa watu wakacheka bila kuelezwa, hapo ndipo kuna kazi.

Nasoma fantasia nyingi. Nyingine nalipwa kuzihakiki, nyingi nasoma bure kwa sababu rafiki ameniomba. Ukurasa wa kwanza unakutana na siku ya 17 ya Mwezi wa Mbwamwitu, mwaka wa 843 wa Enzi ya Tatu. Sawa, nimekubali. Halafu kurasa 400 zinapita na hakuna mtu hata mmoja anayechelewa kitu. Hakuna anayedaiwa. Hakuna anayeapa kulipa Mbwamwitu ikiisha huku anajua kabisa hatalipa. Mbwamwitu mwenyewe harudi tena, alikuja kupigwa picha akaenda zake. Kalenda ambayo huwezi kuchelewa ndani yake ni pambo la ukutani, kama zile za duka la vifaa vya ujenzi ambazo mwezi wa nane bado zinaonyesha mwezi wa tatu.

Na si kwamba sisi hatujui kuishi ndani ya kalenda. Kenya mwezi wa kwanza unaitwa Njaanuari, na kila mtu anajua una siku 90. Ijumaa ni Furahiday. Hakuna kamati iliyokaa kubuni hayo majina. Yametoka kwa watu waliomaliza hela Desemba, wakaamka tarehe mbili wanadaiwa karo ya shule na kodi ya nyumba kwa pamoja. Mimi naandika kwa kujitegemea, ankara zangu zinasema malipo ni baada ya siku 30. Kuna mteja mmoja, simtaji, aliyenilipa kazi ya Februari mwezi wa tisa. Kwetu Ijumaa tarehe moja ipo, kila mwaka inakuja angalau mara moja, na bado hailipi.

Kuna jambo ambalo msomaji wa Kiingereza hulipita bila kuliona, au akiliona linamsumbua. Wiki ya Shire inaanza Jumamosi na kuisha Ijumaa. Ijumaa ndiyo siku kubwa: mchana kazi inawekwa chini, jioni watu wanakula na kunywa. Tolkien inabidi amwelekeze msomaji wake kwamba Jumamosi ya hobiti aihisi kama Jumatatu yake, na Alhamisi kama Jumamosi yake. Sisi hatuhitaji kuelekezwa. Jumamosi, juma mosi, siku ya kwanza. Lugha yetu imesema hivyo tangu zamani, na Ijumaa imekaa mwisho ikingoja ibada na pilau. Ni sadfa tu, Tolkien hakuwa anaifikiria Mombasa. Lakini mtu akiketi kutafsiri kiambatisho hicho kwa Kiswahili, sehemu hii itajiandika yenyewe.

Tena ya kwetu ni ya ajabu kuliko ya hobiti. Hesabu: Jumamosi moja, Jumapili mbili, Jumatatu, Jumanne, Jumatano ni tano. Inayofuata ingekuwa sita, sivyo? Inayofuata ni Alhamisi, neno la Kiarabu lenye tano ndani yake, kwa sababu Waarabu wanaanza kuhesabu Jumapili. Wiki yetu ina siku ya tano mara mbili na haina ya sita kabisa. Mwandishi wa fantasia akiandika hivyo, mhariri atamrudishia mswada amwambie arekebishe. Na ilhali hapo ndipo historia nzima ya pwani imejificha: watu wawili walihesabu pamoja, kila mmoja kutoka pake, na hakuna aliyekubali kufuta.

Lawama yangu kwa Tolkien ni mahali alipoiweka. Kalenda hii yote, na utani wake, iko kwenye Kiambatisho D mwisho wa The Return of the King, kitabu cha 1955, baada ya orodha za wafalme na kabla ya mambo ya herufi. Ndani ya hadithi yenyewe unasoma kwamba siku ya kuzaliwa ya Bilbo na Frodo ni Septemba 22, kama unasoma gazeti. Anajitetea kwamba yeye ni mtafsiri tu, na kwamba majina halisi ya miezi yangetuchanganya. Halafu anakufichulia kwamba tarehe zao zinatangulia zetu kwa kama siku kumi, kwa hivyo hata hiyo Septemba si Septemba unayoijua. Kwa kweli huu ni ubahili. Alikuwa na utani bora zaidi kwenye kitabu, akaufungia stoo pamoja na vitu ambavyo wasomaji wengi hawafiki. Sikumbuki hobiti yeyote akiutamka mbele yetu, na hilo linaniuma kuliko inavyopaswa.

Ila kwenye stoo hiyohiyo kuna sentensi moja ninayoipenda kuliko vita vyote vya kitabu. Vita vikiisha, Aragorn anatawazwa kuwa mfalme, na kalenda mpya inatangazwa. Mwaka sasa utaanza Machi 25, siku Sauron alipoanguka. Nchi zote za mfalme zinaifuata, isipokuwa Shire. Mahobiti wanabaki na ya kwao, wanaendelea kuhesabu tangu mababu zao walipovuka mto Brandywine. Hawapigani. Hawaandiki waraka. Wanaendelea tu. Na huyu ni mfalme mzuri, mfalme ambaye hobiti wanne walisaidia kumweka kwenye kiti! Nafikiri ndiyo maana inanigusa. Kumkataa mvamizi ni jambo ambalo kila riwaya inajua kulisimulia. Kumwambia rafiki yako mwenye taji kwamba asante, ushindi wako ni mkubwa, lakini mwaka wetu unaanza pale ulipoanzia, hilo ni gumu zaidi, na Tolkien amelimaliza kwa mstari mmoja.

Maana anayeamua mwaka wa kwanza ni upi ameamua mambo mengi. Kwa George R. R. Martin miaka ya Westeros inahesabiwa tangu Aegon alipoiteka nchi kwa majoka. Kila barua, kila tarehe ya kuzaliwa, ni kumbukumbu ya kushindwa, na wahusika wanaiandika bila kusita. Katika The Fifth Season ya N. K. Jemisin, majanga yana majina, kama Msimu wa Meno, na orodha yake imepangwa kwa kuangalia lipi lilikuja kabla ya dola na lipi baada yake, kana kwamba volkano nayo inajali. Wafaransa walijaribu jambo hili kwa kweli. Mwaka 1793 walianzisha kalenda ya Jamhuri, wiki ikawa ya siku kumi, mwaka wa kwanza ukahesabiwa tangu Jamhuri kutangazwa Septemba 1792. Ilikuwa safi sana kwenye karatasi. Mfanyakazi akagundua anapumzika siku moja katika kumi badala ya moja katika saba. Napoleon aliifuta kuanzia Januari 1, 1806, na sijasikia nani alilia.

Shire wenyewe wana siasa kwenye kalenda. Meya wao huchaguliwa kila baada ya miaka saba kwenye maonyesho ya Lithe, yaani siku zile zilizo nje ya miezi. Samwise alishinda mara saba. Sisi Katiba ya 2010 imetupa Jumanne ya pili ya Agosti, kila mwaka wa tano, na tunajua hiyo Jumanne inavyoweza kumeza mwaka mzima: wateja wanakwambia tungoje uchaguzi upite, mwenye nyumba haambiwi hivyo akaelewa. Natamani kusoma fantasia yenye mwaka wa uchaguzi. Siyo mapinduzi, siyo mrithi aliyepotea akalelewa na mfua vyuma. Uchaguzi tu, na watu wanaonunua unga mapema.

Mtu aliyeitoa kalenda stoo akaiweka sebuleni ni Ursula K. Le Guin, kwenye The Left Hand of Darkness, 1969. Ni riwaya ya sayansi ya kubuni zaidi kuliko fantasia, na sijali. Katika sayari ya Gethen mwaka huu daima ni Mwaka wa Kwanza. Mwaka mpya ukiingia, ule uliopita unakuwa mwaka mmoja uliopita, na mingine yote inasogea nyuma hatua moja. Hakuna 2025 ya kufikia. Mwezi una siku 26. Siku 13 za kwanza zina majina, na 13 za pili zinarudia majina yaleyale yakiwa na silabi ya kukanusha mbele, kama vile Jumanne, halafu wiki mbili baadaye Sijumanne. Na hilo la Mwaka wa Kwanza unaambiwa mwanzoni kabisa mwa hadithi, na mjumbe Genly Ai, mgeni ambaye kazi yake yote ni kujaribu kuwaelewa hawa watu. Unalibeba mpaka mwisho. Unaanza kuelewa kwa nini watu wenye mashine kwa karne nyingi hawana haraka nazo.

Nilikisoma mara ya kwanza mwaka ambao niliacha chuo. Nilikuwa mwaka wa tatu, karo ikakataa. Namba yangu ya usajili inaishia na mwaka niliojiunga, na chuoni watu wanajuana kwa huo mwaka: ninyi ni wa mwaka gani, mnamaliza lini. Wenzangu walimaliza. Wengine sasa wanafanya shahada ya pili. Kwa kalenda ile mimi nimechelewa, na kila Desemba, picha za mahafali zikianza kupita kwenye simu, nachelewa zaidi. Hapo juu nimesema kalenda nzuri ni ile unayoweza kuchelewa ndani yake, na bado nasema hivyo. Gethen unaweza kuchelewa mkutano, unaweza kuchelewa mavuno na ukafa kwa baridi. Huwezi kuchelewa maisha. Hakuna namba inayokungoja mbele. Nilisoma ukurasa ule mara tatu nikiwa kwenye matatu ya Rongai, foleni haisogei, na sikutaka isogee.

Lakini Le Guin si mtu wa kukupa zawadi bila bei. Ukiishi Mwaka wa Kwanza daima, utawekaje kumbukumbu? Kiambatisho chake kinajibu: kwa matukio yanayojulikana, kwa nasaba, kwa enzi za wafalme. Yaani mfalme uliyemtoa kupitia mlangoni amerudi kwa dirisha. Na mfalme wa Karhide ndani ya kitabu ni Argaven, mtu mwenye hofu na akili isiyotulia. Fikiria utoto wako wote uwekwe kwenye faili kwa jina lake. Shosho yangu naye hahesabu kwa namba. Kwake kuna wakati wa Hali ya Hatari, kuna kabla ya Uhuru, kuna enzi ya Nyayo. Ukimuuliza mtoto fulani alizaliwa lini, unajibiwa nani alikuwa madarakani na mvua ilikuwaje. Zamani nilidhani huko ni kutojali tarehe. Ni tarehe kabisa, tena zenye taarifa nyingi kuliko zangu, ila karibu kila moja ina mkubwa fulani amekaa juu yake.

Kwa nini basi miswada tunayotumiana, sisi vijana wa Nairobi na Nakuru na Kisumu, imejaa theluji? Nauliza kwa upendo. Mhusika anaitwa jina la huku, anakula vyakula vya huku, halafu majira ni manne na kipupwe kinakaribia. Pwani kulikuwa na mwaka wa jua wa mabaharia na wakulima, wenye siku 365, ukianza Siku ya Mwaka, au Nairuzi, jina lililosafiri kutoka Uajemi. Ulihesabiwa kwa miongo. Mwongo leo ni miaka kumi. Katika hesabu hiyo ni siku kumi. Miongo 36, halafu siku tano za kumalizia. Kwa hiyo ulijua lini kaskazi inakata na kusi inaingia, lini jahazi linatoka na lini linabaki. Kwa kuwa haukuwa na mwaka mrefu, Nairuzi ilirudi nyuma siku moja kila miaka minne, polepole, kizazi baada ya kizazi. Makunduchi, Zanzibar, bado wanausherehekea mwaka huo mwezi Julai. Mwaka Kogwa, wanaume wakichapana kwa migomba kumaliza kinyongo cha mwaka ulioisha. Na kwa mwezi wa Kiislamu, Waswahili huhesabu tangu kufungua: baada ya Ramadhani ni Mfungo Mosi, Mfungo Pili, mpaka Mfungo Tisa, ndipo Rajabu na Shaabani. Miezi tisa ya mwaka inaitwa kwa umbali wake kutoka kwenye futari ya mwisho.

Sasa linganisha. Dunia ya Forgotten Realms ya Ed Greenwood ina kalenda ya Harptos: miezi 12 ya siku 30, kila mwezi umekatwa makumi matatu, na siku tano za sikukuu zinazokaa kati ya miezi. Waliocheza Baldur's Gate 3 wamesikia wahusika wakihesabu kwa makumi ya siku badala ya wiki, na wengi wenu mliniambia ni ubunifu mkali. Ni mkali. Ni siku kumi mara 36, jumlisha tano. Bibi mmoja wa Lamu wa zamani angeisoma bila maelekezo.

Sisemi kila mtu aandike kuhusu jahazi. Mwenye Nairobi yake aandike Nairobi. Hata saa inatosha. Simu inasema 9:00, mdomo unasema saa tatu, na kila mtoto wa nchi hii anabeba saa mbili kichwani bila kujua ni jambo la ajabu, hadi siku atakapompa mgeni miadi. Kuna riwaya nzima ya utekaji nyara ndani ya sentensi kwamba fidia iletwe saa tatu.

Rafiki yangu mmoja anaandika riwaya kuhusu mji wa kubuni kwenye ziwa lililokauka. Alinitumia sura ya kwanza ikiwa na miezi 13 yenye majina matamu sana. Nilimjibu na swali moja: mhusika wako analipa kodi ya nyumba siku gani? Alinyamaza siku mbili. Nikadhani amekasirika. Halafu akatuma sura mpya. Mwenye nyumba anafuata kalenda ya gavana, mpangaji anafuata ya babu yake, na kuna siku tano ambazo kwa mmoja ni za kudai na kwa mwingine hazimo kwenye mwezi wowote. Sura inaisha mwenye nyumba akigonga mlango, na mpangaji, akiwa ndani na watoto, anajibu kwamba leo si tarehe. Sura ya pili bado hajaituma. Nimemuuliza lini, akaniambia Ijumaa.